Nimeshindwa kesi ya shamba mpakani mwa msitu, na Mahakama bado naipa nyota nne

Mimi nauza vyakula vya kuku. Pumba, mashudu, dagaa wa kusaga, chokaa. Mteja akija kuchukua kilo hamsini haangalii sura yangu, anaangalia mshale wa mizani, na ukitikisika anasubiri utulie ndipo afungue pochi. Huduma za watu wengine nami nazipima hivyo hivyo. Kwa hiyo aliyekuja kusoma kilio cha mtu aliyeshindwa kesi atanisamehe. Nimeshindwa, ni kweli. Nataka kueleza nilipimiwaje, na nani alinipimia kwa mizani ya kweli na nani alinibania.

Mwaka 2013 nilinunua ekari sita katika kijiji kimoja mkoani Pwani, ubavuni mwa hifadhi ya msitu. Kijiji na hifadhi sizitaji majina maana wenzangu watatu wamekata rufaa, na sitaki mtu aje kuniambia nimeongea nje ya faili. Bei ilikuwa laki tisa kwa ekari, jumla milioni tano na laki nne. Juu yake ofisi ya kijiji ikadai asilimia kumi yake, laki tano na arobaini, ndipo mwenyekiti akagonga muhuri kwenye hati ya mauziano. Mzee aliyeniuzia alisema baba yake alifyeka pale wakati wa Operesheni Vijiji. Majirani wakaitikia. Nikapanda mikorosho 130 na mihogo katikati.

Shamba lilikatizwa na mstari wa mitiki mirefu, imenyooka kama imepigwa kamba. Nilimuuliza mzee nani kaipanda. "Wamisheni hao, mwanangu." Nikaridhika, na kila nikienda shamba nilikuwa napumzika kivulini pake nikila mhogo wa kuchoma. Shikeni hiyo mitiki, tutairudia.

Huduma ya ofisi ya kijiji siku ile naipa sifuri. Walikuwa wakarimu, soda nililetewa. Lakini mimi nilikuwa mtu wa kuja, siyo mkazi, na ardhi ya kijiji haiuzwi kwa muhuri wa mwenyekiti peke yake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inataka maombi yapite kwenye halmashauri ya kijiji, na ugawaji uende hadi mkutano mkuu. Mahakama ya Rufani imeshasema zaidi ya mara moja kwamba mauzo ya ardhi ya kijiji bila idhini ya halmashauri ya kijiji hayana nguvu. Mimi niliyajua hayo miaka minane baadaye, nimekaa kwenye benchi la chuma koridoni mwa mahakama, nasoma hukumu za watu kwenye simu.

Septemba 2020 wakaja askari wa misitu na wapima. Wakapita na mashine zao siku mbili, wakapigilia bikoni mpya, yaani nguzo za alama ya mpaka, na rangi kwenye miti. Walipoondoka, ekari nne na nusu za shamba langu zilikuwa upande wa hifadhi na ekari moja na nusu upande wa kijiji. Mikorosho 96 msituni, 34 kijijini. Tukapewa notisi ya kuondoka, watu kumi na mmoja.

Kwenye baraza la kata sitakaa. Siku hizi kata inasuluhisha tu, uamuzi imenyang'anywa tangu marekebisho ya 2021, na hata hapo mwanzo wazee wale walituambia wazi kwamba msitu ni mkubwa kuwazidi. Wakweli. Hawakutuchelewesha hata wiki mbili.

Aliyetuchelewesha ni wakili wa kwanza. Mtu nadhifu, suti, anaongea kama redio. Akatuambia tufungue shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na kwa kuwa mashamba yote kumi na moja hayafiki thamani ya kikomo cha baraza, basi mambo ni mepesi. Tulichanga, mimi peke yangu nikatoa laki nane taslimu, mkononi mwake. Nikaomba risiti. "Dada, wewe mtu wa biashara, hebu tuaminiane." Mimi dukani nina mashine ya EFD, hata wa kilo tano za pumba namtolea risiti. Lakini nikaaminiana.

Tukaenda barazani kuanzia Machi 2021. Mwenyekiti na wazee wawili wa baraza, chumba kidogo, feni moja. Tuliitwa, tukaahirishwa, tukaitwa, shahidi wetu wa kwanza akazungumza nusu, tukaahirishwa. Mei 2022, baada ya miezi 14, mwanasheria wa upande wa pili akasimama na pingamizi la awali lenye kurasa tatu. Kumbe tangu mwaka 2020 Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, imebadilishwa. Ukitaka kuishtaki idara au wakala wa Serikali, lazima kwanza utoe notisi ya siku 90. Kisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe kama mdaiwa, akikosekana shauri limekufa. Na shauri lenyewe linafunguliwa Mahakama Kuu tu. Wakala wa Huduma za Misitu ni wakala wa Serikali. Thamani ya shamba haina kazi hapo, hata ungekuwa unadai robo ekari ya mchicha.

Shauri likaondolewa. Hatukushindwa wala hatukushinda, ni kama hatukuwahi kwenda. Wakili wetu alikusanya makabrasha yake akasema ana kesi nyingine saa sita.

Naomba nitende haki hapa. Baraza lenyewe silipi nyota moja. Naliwekea mbili na nusu, maana mwenyekiti alitusomea uamuzi taratibu kwa Kiswahili, akatueleza twende wapi na tuanze na nini. Lililonikera ni kwamba swali la mamlaka ya kusikiliza lingeweza kuulizwa siku ya kwanza. Ni kama kumpimia mteja magunia ishirini, kuyafunga, kuyapakia kwenye Kirikuu, ndipo umuulize kama ana pesa. Kwa wakili nyota sina ya kumpa.

Wakili wa pili tulimpata kwa mmoja wetu aliyekuwa na mpwa anayesoma sheria. Msichana mdogo, miaka thelathini hivi, ofisi ya chumba kimoja juu ya duka la simu. Kabla hajachukua hata shilingi alitaka kuona vitu vitatu: hati za mauziano halisi, siyo kopi, Tangazo la Serikali lililoanzisha hifadhi, na ramani ya hifadhi. Viwili vya mwisho hatukuwa navyo, wala yule wa kwanza hakuwahi kuvitaja. Akatuambia, "Mama zangu, baba zangu, kesi ya msitu ni kesi ya ramani. Mtalia, mtaleta wazee, mtaonyesha makaburi, mwisho Jaji atauliza mstari unapita wapi." Akatutoza laki nne na nusu kila mtu, na risiti akatoa siku hiyo hiyo.

Notisi ya siku 90 ilitolewa Juni 2022, nakala kwa Mwanasheria Mkuu. Watu wengi hudhani siku hizo tisini ni za kukaa roho juu huku trekta linaingia. Wakili akafungua maombi ya zuio la muda la kusubiri notisi iishe, lile wanasheria wanaloliita Mareva, na Mahakama Kuu ikaamuru kila kitu kibaki kilivyo. Hiyo amri ilitoka ndani ya wiki tatu. Nilivuna korosho za msimu ule kwa amani, na kwa hiyo pekee nyota ya kwanza ilishaingia.

Oktoba 2022 shauri likasajiliwa. Kituo sikitaji, ila ni jengo jipya, lina mashine ya maji ya kunywa inayofanya kazi na choo chenye sabuni. Wanaocheka hawajawahi kukaa mahakamani kutwa nzima na kisukari. Nyaraka zinaingizwa kwa mtandao, na wito unakuja kwa ujumbe wa simu. Siku ya kwanza nilijikuta nasubiri kuitwa kwa kelele kama zamani, kumbe majina yako kwenye skrini ukutani, shauri namba fulani, chumba fulani, Jaji fulani.

Kwanza wakatupeleka kwenye usuluhishi, ni lazima. Ulichukua nusu saa. Wakili wa Serikali, kijana mpole, alisema hana mamlaka ya kugawa hifadhi, na msuluhishi akamuuliza kama anaweza kutoa muda wa kuvuna, akasema hilo atauliza. Nilidhani tumepoteza siku. Baadaye nikaona lile swali la kuvuna liliandikwa, na lilizaa matunda, halafu nitasema.

Sasa kusikilizwa. Lugha ilikuwa Kiswahili kuanzia hati ya madai hadi hukumu. Tangu 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, na kwa mtu kama mimi mabadiliko hayo ni makubwa kuliko skrini na mashine ya maji. Mwaka 1998 nilienda kwenye mirathi ya baba, watu wakazungumza Kiingereza dakika arobaini juu ya nyumba tuliyozaliwa, tukaambiwa tutoke. Safari hii Wakili wa Serikali aliposema neno gumu, Jaji alimwambia, "Waeleze wadai maana yake." Neno lilikuwa "bikoni kuu". Akaeleza.

Siku yangu ya ushahidi nilitoa hati ya mauziano. Ikapingwa papo hapo: haijalipiwa ushuru wa stempu, kwa hiyo haipokeleki. Miguu iliniisha nguvu. Jaji akaangalia hati, akaniangalia, akasema sheria inaruhusu kasoro hiyo kuponywa, akanipa siku kumi nikalipie TRA na faini yake nirudi. Nikalipa, nikarudi, hati ikapokelewa, kielelezo P4. Hilo ndilo ninaloliita mizani. Angeweza kuitupa hati, na mimi nikabaki mtu asiye hata na karatasi ya kumdai muuzaji.

Nyota ya tano ndipo ilipopotelea, kwenye kuahirishwa. Mara tatu tulifika tukakuta Jaji yuko kwenye kikao cha kesi za mauaji mkoa mwingine. Nafahamu, kesi ya mtu aliye rumande haiwezi kungoja korosho. Lakini mara mbili kati ya hizo ujumbe wa kutuambia tusije ulifika tukiwa tumeshakaa koridoni, saa tano asubuhi, wazee wawili kati yetu wametoka kijijini saa kumi usiku kwa bodaboda. Mfumo unaojua kuniita unashindwaje kunizuia? Ujumbe huohuo mmoja, jioni ya jana yake, ungetosha.

Upande wa Serikali walileta Tangazo la miaka ya 1950 na ramani ya hifadhi. Ramani hizo za misitu zina herufi JB na namba pembeni; yetu ilikuwa imechorwa kwa mkono, maandishi ya kikoloni, mito midogo imepewa majina ambayo sasa hakuna anayeyatumia. Wazee wetu waliapa kwamba hawajawahi kuona mpaka. Shahidi mmoja alileta cheti cha usajili wa kijiji. Mwingine akasema mwaka 2019 Rais alishatamka watu wasiondolewe, na kati ya vijiji 975 vyenye migogoro na hifadhi, 920 viliruhusiwa kubaki. Hilo ni kweli, kamati ya mawaziri wanane ilizunguka nchi nzima kwa ajili yake. Jaji akauliza swali moja tu: kitongoji chenu kimo kwenye orodha? Hakikuwamo. Na mimi pale pale nikajua kwamba tumekaa miaka miwili tukiambizana habari ya jukwaani bila mtu hata mmoja kwenda wilayani kuiona hiyo orodha.

Kwa kuwa kila upande ulikuwa na mstari wake, wakili wetu akaomba Mahakama ifike shambani. Haiendi hovyo, tangu 1980 Mahakama ya Rufani ilishaweka kwamba kutembelea eneo la mgogoro ni jambo la nadra, na ikifanyika wadaawa wote wawepo, mashahidi wasikilizwe rasmi, maelezo yaandikwe na yasomwe mbele ya wote. Jaji akakubali. Septemba 2023, kiangazi, majani makavu.

Gari likasimama, akashuka mtu amevaa viatu vya mpira na kofia ya pama, nikamsalimia nikidhani ni mmoja wa wapima. Kumbe ndiye Jaji. Karani alikuwa na ubao wa kubania karatasi ameufunga kwa kamba begani ili upepo usimnyang'anye. Mpima wa wilaya akasimika mashine yake ya miguu mitatu kwenye bikoni ya barabarani, ambayo pande zote mbili zilikuwa haziigombei, akaanza kusoma namba kutoka kwenye ramani. Tunatembea, anasoma, karani anaandika, Jaji anamuuliza kila upande kama wameona alichoona. Mashahidi waliapishwa upya pale pale. Mzee wetu mmoja aliushika Msahafu chini ya mwembe, kanzu imejaa mbigili.

Mstari ukaja moja kwa moja kwenye mitiki.

Wote tukanyamaza. Mpima hakusema chochote, alihesabu hatua, akapita mtiki wa mwisho, akaingia kwenye mikorosho yangu, wa kwanza, wa pili, chini ya wa tatu akasimama. "Kwa ramani hii, bikoni ya zamani inatakiwa iwe hapa, au karibu na hapa." Pale palikuwa na jiwe. Lilitokeza kama urefu wa kiganja, kichwa kimesuguliwa hadi kikawa laini kama sabuni iliyotumika. Kijana wake akafyeka, akachimba pembeni, na jiwe likazidi kuteremka, likawa nguzo ya saruji yenye pembe nne, na katikati ya kichwa kitobo chenye kutu ya chuma.

Jaji akanigeukia. "Mama, jiwe hili unalifahamu?"

Nilikuwa na njia mbili. Wakili wangu alikuwa ananiangalia, na nadhani aliacha kupumua. "Nalifahamu, Mheshimiwa. Tunanolea mapanga."

Karani akacheka, akajizuia, akaandika. Miaka saba vibarua wangu walikuwa wanakalia mpaka wa msitu na kunolea mapanga juu yake, na mimi nakula mhogo kivulini mwa mitiki iliyopandwa na watu wa misitu kuonyesha mwisho wa hifadhi yao. Wamisheni!

Baada ya hapo Jaji alimwambia karani asome alichoandika, mwanzo hadi mwisho, sote tumesimama juani. Kwenye maelezo yangu palisomwa "hunolea mapanga" bila kuongeza wala kupunguza. Wakili wa Serikali akataka iandikwe kwamba nilijua ni mpaka. Jaji akamkatalia: shahidi amesema anajua jiwe, hajasema anajua mpaka. Nimeshindwa kesi, lakini sentensi ile naikumbuka kuliko tarehe ya hukumu.

Hukumu ilisomwa Machi 2024. Miezi 17 tangu kusajili, ukilinganisha na miezi 14 ya kwenda kuambiwa tumekosea mlango. Ilisomwa kwa saa moja na nusu na nilielewa yote. Nieleze kwa maneno ya dukani. Ardhi yote ya nchi hii ni ya umma, Rais ni mdhamini, na Sheria ya Ardhi imeigawa mafungu matatu: ya jumla, ya kijiji na ya hifadhi. Iliyotangazwa hifadhi inabaki hifadhi mpaka itangazwe vinginevyo kwa utaratibu wa Sheria ya Misitu. Cheti cha kijiji hakiigeuzi. Kukaa muda mrefu hakuigeuzi. Tulikuwa tumeweka matumaini kwenye ile miaka 12 ya ukomo wa madai ya ardhi, ambayo mtaani kila mtu anaitaja kama dawa ya kila ugonjwa, tukaelezwa kwamba kuvamia hifadhi hakumpi mtu umiliki kwa kungoja tu. Na mzee aliyeniuzia hakuwa na kitu cha kuuza katika zile ekari nne na nusu, kwa hiyo mimi sikununua kitu. Fidia kutoka serikalini hakuna. Ekari moja na nusu ya upande wa kijiji ibaki kwangu, ila nikakamilishe idhini ya halmashauri ya kijiji. Kila upande ubebe gharama zake. Na lile swali la usuluhishi: tukapewa msimu mmoja wa kuvuna mazao yaliyopo, bila kupanda upya.

Wapo kati yetu waliolia kwa sababu za kweli. Jirani yangu wa kusini nyumba yake ya matofali ilikuwa yote upande wa pili, na hana ekari moja na nusu ya kurudia. Yeye ni mmoja wa watatu waliokata rufaa, na Mungu amjalie. Hukumu ilikuwa na aya mbili nzima juu ya wauzaji wa mashamba ya mipakani na viongozi wa vijiji wanaogonga mihuri, maneno makali, lakini maneno makali hayarudishi bati. Mahakama ilipewa swali la mstari ikajibu la mstari. Nani amlipe jirani yangu, hilo halikuwa mbele yake, maana yule wakili wa kwanza hakumshtaki muuzaji, na wa pili alipoingia mzee yule alikuwa ameshafariki.

Huduma nyingine ninayotaka kuisifu ni ya bure kabisa, TanzLII, tovuti ya hukumu. Yetu ilikuwa mtandaoni ndani ya wiki. Unaandika "hifadhi ya msitu", unapata kesi za nchi nzima, za Mahakama Kuu na za Rufani. Nyingi za kabla ya 2021 ni za Kiingereza, ila mpwa wa shule anatosha kukusaidia. Nimesoma kama ishirini sasa, usiku nikishafunga hesabu. Zinafanana kwa namna inayochosha: mnunuzi analeta hati yenye muhuri wa mwenyekiti na majirani wanne; Serikali inaleta Tangazo na ramani. Mara chache Serikali ndiyo inayoanguka, na mara nyingi ni pale iliposhindwa kuonyesha ramani yake inaangukia wapi ardhini. Sisi tuliomba Jaji aje shambani tukitumaini hilo. Jiwe likatuumbua.

Kwa anayetaka kununua karibu na msitu, mambo niliyofanya safari ya pili. Ndiyo, nimenunua tena, ekari mbili, wilaya nyingine, nina kichaa cha mikorosho. Nilikwenda ofisi ya misitu ya wilaya kabla ya kuonana na dalali mara ya pili, nikaomba kuonyeshwa ramani ya hifadhi iliyo jirani. Walinishangaa, halafu wakanionyesha, walikuwa kama wamengoja mtu aulize. Nikaenda na mpima shambani na jipiesi yake, laki moja na nusu, nusu siku. Mita mia sita kutoka mpaka wa karibu. Nikahudhuria kikao cha halmashauri ya kijiji mwenyewe, nikapewa muhtasari wenye sahihi. Na kila jiwe nililoliona shambani nililipiga teke kwanza.

Ule msimu wa mwisho wa kuvuna ulikuwa mzuri kwa kukomoa. Askari wa misitu wawili walikuja siku ya kufunga, wakasaidia hata kupakia magunia. Mmoja akauliza lile jiwe la mapanga liko wapi, kumbe habari ilishafika kazini kwao. Nikampeleka. Wamelipaka rangi nyeupe.

Jumla basi: Mahakama Kuu, kituo kile, nyota nne. Wakili wa pili, tano, na simu yake nawapa wanaonifuata dukani. Kama wakili wa kwanza anasoma hapa, ile risiti ya laki nane bado naisubiri. Duka linafunguliwa saa moja asubuhi.